Stika Niliyoibandua

Jumanne ya tarehe kumi na nne, mwezi wa tano, mwaka elfu mbili ishirini na nne, kati ya saa mbili na saa tano asubuhi, ndipo mambo yangu yote yalipoharibika. Naitaja siku kwa sababu wakubwa ukiwauliza hawakumbuki siku. Watakwambia, "kipindi kile cha mvua." Mimi nakumbuka mpaka shati nililovaa.

Siku kumi hivi kabla yake, zile mvua za kimbunga zilikuwa zimeezua mabati mawili ya ofisi yetu ya kijiji. Kijiji chetu kiko upande wa Chinongwe, wilaya ya Ruangwa, na mimi pale ofisini ni mlinzi, mfagizi, mchota maji na mtu wa kulaumiwa. Maji yaliingia kwenye kabati la masjala ya ardhi, fomu zote za mashamba zikawa uji. Likaja neno kwamba kuna mkubwa kutoka mkoani anakuja kuangalia madhara. Ungedhani tungeambiwa tuyaache yaonekane. Hapana. Mgeni anakuja kuona maafa, sisi tukaamrishwa tuyafiche. Fomu zilizolowa nikaambiwa nikazifukie nyuma ya choo. Ukuta ukapakwa chokaa, mawe ya njiani yakapakwa chokaa, na mbuzi wa jirani aliyepita karibu akaondoka na chokaa ubavuni.

Mtendaji wetu, Eliudi, akasimama katikati ya chumba na fulana yake ya kampeni, akakinyooshea kidole kile kiboksi cha kompyuta kinachokaa chini ya meza, kile wanachokiita sipiyu.

"Mzee Harithi, na hiyo nayo. Hayo makaratasi ya ubavuni yanatia aibu. Mgeni aone kitu kipya."

"Yana namba, bosi."

"Namba gani? Wewe unasoma namba siku hizi? Toa!"

Nikatoa. Nilichukua wembe, sabuni ya mche na steelwool ya kusugulia sufuria. Ubavuni palikuwa na stika ndogo yenye rangirangi, ina herufi na tarakimu zilizopangwa mafungumafungu, zingine zimeanza kufifia. Ilikuwa imeshika kweli. Niliikwangua nikaisugua, ikatoka vipandevipande, nikavifagia nje pamoja na taka. Sipiyu ikang'aa. Nisiseme uongo, nilijisifu moyoni.

Saa nne ililetwa jenereta ya muziki. Wakaunganisha spika na waya za ofisi, na kompyuta ikawashwa ili mgeni aone kijiji cha kidijitali. Spika zilipopandishwa sauti nikasikia paa! Moshi ukatoka ndani ya sipiyu niliyoing'arisha. Mgeni mwenyewe hakushuka hata kwenye gari. Alifungua kioo, akatupungia, akasema poleni sana, gari likaondoka na vumbi lake. Eliudi alisema ziara imefana.

Mimi sikujua bado nimepoteza nini. Ngoja nieleze.

Mke wangu, Sikudhani, alifariki mwezi wa pili wa mwaka uliotangulia. Presha. Gari la wagonjwa lilikuwa limetumwa kubeba viti vya mkutano, basi tukampakia kwenye pikipiki, mimi nyuma nimemkumbatia, akanifia mikononi kabla hatujaifikia lami. Sikusikia mtu yeyote akiulizwa kuhusu vile viti.

Huku kwetu mwanamume akioa huhamia kwa mke. Mimi ni Mmakua wa upande wa Masasi. Nilikuja hapa kijana, nina jembe na blanketi, nikaoa kwa Wamwera. Ardhi ni ya akina mama na kaka zao. Mke akifa, na kama hamkujaaliwa mtoto, wakwe hukukalisha kitako, wakakushukuru, wakakuombea dua na kukusindikiza urudi kwenu. Si ukatili, ni desturi, na mimi mwenyewe nimeshawasindikiza wenzangu wawili hivyohivyo, tena nikiwabebea mizigo. Lakini mimi huko kwetu hakuna aliyebaki. Waliokuwepo wamekufa, na nyumba ya baba yangu sasa ni shamba la mihogo la mtu nisiyemjua. Na mikorosho arobaini na miwili ya shamba la Sikudhani niliipanda kwa mkono wangu, na chini ya mmojawapo ndiko tulikomzika.

Kilichokuwa kinanipa moyo ni neno moja tu. Mwaka elfu mbili kumi na nne ulikuja mradi wa kupima mashamba. Vijana walipita na vipimio vyao, kila shamba likaingizwa kwenye kompyuta, ili watu wapewe hati za kimila. Siku walipofika kwetu mimi nilikuwa Nachingwea, nalinda ghala la ufuta. Niliporudi Jumamosi Sikudhani alikuwa anachambua mboga, hakuinua hata uso.

"Wamepima. Nimeandikisha wawili," akasema. "Mimi wa kwanza, wewe wa pili. Usije ukajisifu."

"Kaka yako anajua?"

"Kaka yangu ndiye aliyechimba mashimo ya mikorosho?"

Basi. Hatukulizungumza tena. Mradi ukaisha kabla ya zamu ya kitongoji chetu kuchapiwa hati, vijana wakapanda magari yao, na lile neno la Sikudhani likabaki ndani ya kompyuta. Miaka kumi nimekuwa naifuta vumbi kila asubuhi. Sikuwahi kuliona jina langu kwa macho, maana anayejua kuifungua ni mtendaji, na mtendaji hafungui kitu kwa ajili ya mfagizi.

Mwezi wa sita shemeji yangu Mbaruku akaja nyumbani. Mbaruku ndiye kaka mkubwa wa marehemu, ndiye mwenye kauli katika ukoo. Alikaa kwenye kigoda, akavua kofia, akaivaa tena.

"Shemeji, Zaina amerudi."

Zaina ni binti wa dada yao mdogo. Alikuwa ameolewa Nanganga.

"Amerudi kusalimia?"

"Amerudi na godoro. Na watoto watatu. Bwana kamwacha." Akatazama mikorosho. "Hana pa kulima. Ukoo umekaa, umeona shamba la marehemu apewe yeye, aanze kulisafisha kabla korosho hazijaanza kudondoka."

Nilikuwa nimejiandaa kwa maneno ya ubaya, nikakosa pa kuyaweka, maana Zaina nilimbeba akiwa mchanga.

"Sikudhani aliniandikisha," nikasema. "Imo kwenye kompyuta ya ofisi."

Mbaruku akacheka kidogo, kile kicheko chake cha utani. "Mmakua wewe! Ungekuwa na akili ya kompyuta ungelinda mlango wa ofisi miaka yote hiyo?"

"Na Mmwera angekuwa na akili angemuoza dada yake kwa Mmakua?"

Tukacheka wote wawili. Halafu akasema taratibu, "Harithi, sina ubaya na wewe. Dada yangu alikuwa na kichwa kigumu, anaweza kuwa aliandika kweli. Nionyeshe jina lake na lako pamoja, nitakwenda mwenyewe kwa wazee niseme dada kasema. Zaina nitamtafutia kwingine, hata kwa kumegua langu. Lakini kwa maneno matupu siwezi. Nitawaambia nini? Kwamba shemeji kaota?"

"Mpaka lini?"

"Mwezi wa nane ukiisha, Zaina anaingia shamba."

Nilikwenda kwa Eliudi. Nikamwomba kompyuta itengenezwe. Akasema ameandika barua wilayani. Nikamwuliza barua imejibiwa? Akasema barua haijapigwa chapa kwa sababu kompyuta imeungua. Nawaapia, alisema hivyo, na wala hakutabasamu. Mwisho akanipa karatasi yenye muhuri kwamba naruhusiwa kuipeleka kwa fundi kwa gharama yangu, na nikiipoteza nitashtakiwa.

Niliitia sipiyu kwenye kiroba cha ufuta, nikaipakata kwenye pikipiki kama mtoto mgonjwa mpaka Nachingwea. Karibu na soko kuna fundi anaitwa Nuhu, kijana wa miaka thelathini hivi, ana kibanda kimejaa mashine zilizokufa. Akaifungua, akanusa.

"Mzee wangu, hii imepigwa shoti ya maana. Ubao wa ndani umekwenda. Ila diski ipo hai, na diski ndiyo roho. Niachie wiki, nitaihamishia kwenye kasha lingine."

Niliporudi, Nuhu alininyooshea simu yake. Kwenye kioo kulikuwa na ile picha ya kilima chenye majani mabichi na mbingu ya buluu, picha niliyoifahamu miaka kumi. Nikasogea kuigusa. Nuhu akanishika mkono.

"Usifurahi bado. Hiyo ni picha niliyoipiga nikijaribu na nakala ya diski. Angalia inavyowaka kweli."

Ikawaka, na badala ya kilima kikatokea kibao chenye maandishi ya Kizungu, na kitufe cha ndiyo na cha hapana. Akabonyeza hapana, ikarudi palepale mwanzo. Akabonyeza ndiyo, ikadai namba.

"Inasemaje?"

"Inasema mimi si mashine ile ya zamani, nimebadilishwa mwili, kwa hiyo mnithibitishie kwamba windo hii, programu inayoniendesha, ni ya halali. Bila hivyo haifungui mlango kabisa."

"Si upige windo mpya? Watu wote mnawapigia windo."

"Nikipiga mpya nafuta ya zamani, na daftari lenu la mashamba linaondoka nayo. Ile programu ya mradi haisomeki kwingine. Nimeichomeka diski kwenye mashine yangu, mafaili yanatoka herufi za majini." Akakuna kichwa. "Programu za kuchakachua ninazo pia, sikufichi. Nilitengeneza nakala ya diski nikaijaribu. Mlango ukafunguka, ila ilikuja na kirusi, kikala daftari lote. Nikashukuru Mungu ilikuwa nakala. Kwenye diski yenyewe sirudii mchezo huo."

"Namba si ingekuwemo humo ndani?"

"Ya ndani ni ya kiwandani, imefungamana na ule ubao ulioungua. Ya kuandika kwa mkono ni ile ya kwenye stika. Kila mashine ina yake. Leseni moja, mashine moja. Na hii windo ni ya kale, mzee. Wenyewe waliacha kuishughulikia mwaka elfu mbili kumi na nne."

"Ndio mwaka waliotuletea!"

"Ndiyo hivyo. Waliwaletea maiti imevalishwa suti." Akainama chini, akakiangalia kile kiboksi cha zamani. "Sasa stika ilikuwa hapa ubavuni. Naona alama ya gundi. Iko wapi?"

Nikasema, "Ilichakaa. Ofisi haitunzi vitu."

Na kweli ofisi haitunzi vitu. Lakini wembe sikuutaja.

Nuhu akaniuliza mradi uliacha mashine ngapi. Nikakumbuka zilikuwa mbili, pacha, moja kwetu na moja kwenye kijiji kimoja upande huu wa Nachingwea, mbele kidogo kwenye njia ya Masasi. Akasema basi pacha ana stika, na stika ya windo ya aina ileile huenda ikakubali, kwa kupiga simu. Huduma ya simu alisikia bado ipo.

Nikaenda kesho yake asubuhi. Ofisi yao ni ndogo kuliko yetu, haina chokaa, lakini imefagiliwa. Karani wa masjala ni mama mmoja anaitwa Albina, Mmakonde, wazazi wake walikuja kutoka Msumbiji wakati wa vita. Alikuwa anapiga muhuri huku akimfokea mtu kwenye simu. Alipomaliza akaniambia, "Karibu baba, keti, kiti hicho mguu wake mmoja ni mwongo, egemea kulia."

Kompyuta yao ilikuwa imefunikwa kitambaa cha kufumwa. Akakifunua. Stika ilikuwa ubavuni, juu yake amebandika utepe wa plastiki unaoonyesha chini, na namba yote ameinakili kwenye daftari la kurasa mia mbili, mara mbili, kurasa mbili tofauti, kila moja na tarehe na sahihi.

"Naiwasha kila Ijumaa," akasema. "Nusu saa. Nazima, naandika kwamba nimezima."

"Nani alikufundisha hivyo, mama?"

"Semina. Si tuliitwa Ruangwa siku mbili, utunzaji wa mashine na leseni? Na wa kwenu alikuja. Bwana mmoja mwenye fulana ya kampeni."

Nikakumbuka. Nafasi ilikuwa ya karani wetu, lakini semina ilikuwa na posho, Eliudi akaenda mwenyewe. Alirudi na begi na kalamu. Hakutuambia neno hata moja la leseni. Nilimweleza Albina yote hayo kwa hasira, nikamweleza jenereta, mgeni wa mkoa, fomu nilizofukia nyuma ya choo, gari la wagonjwa na viti vyake. Aliniacha niseme. Halafu nikamwomba namba.

Akafunga daftari.

"Hapana, baba."

"Mama, ni namba tu. Hupungukiwi kitu, ni kama kuazima moto."

"Si moto. Walitusomea: leseni moja, mashine moja. Hapa nina kaya mia tatu na kumi na moja. Zilizochapwa hati ni tisini. Zilizobaki zote zimo humu. Kesho na hii ikiungua, nikapiga simu, nikaambiwa namba hii imeshatumika Ruangwa, nitawaambia nini watu wangu? Kuna wajane humu. Wanawake wajane, baba, siyo kwamba nakudharau, lakini unajua wao wanavyofanyiwa."

Nilitazama miguu yangu.

"Stika yenu ilipotea vipi?" akauliza.

"Ofisi…"

"Ofisi haina mikono. Nani aliitoa?"

Hapo ndipo nilipochoka. Miezi miwili nilikuwa nasema Eliudi, nasema mkoa, nasema mradi, na wote hao wana makosa, sitawasamehe mpaka nakufa. Lakini mama yule alikuwa ananitazama kama anayesubiri kujaza fomu.

"Mimi," nikasema. "Niliamrishwa, lakini ni mimi. Kwa mkono huu, kwa wembe na steelwool. Niliona ina namba, nikajua namba hazibandikwi bure, nikaitoa hivyohivyo. Niliogopa kufukuzwa kufagia."

Albina aliusogeza muhuri pembeni. Nje kulikuwa na mwanamke anamwuliza mwenzake kama chumvi imefika dukani.

"Tangu mwaka uanze," Albina akasema, "wewe ndiye mtu wa kwanza kuingia ofisi hii akasema mimi."

Akafungua daftari. Akachana karatasi ya katikati, akaanza kunakili, herufi kwa herufi, anaihakiki kila moja kwa kidole. Alipofika fungu la tatu akasimama.

"Mkeo alikuandikisha wa pili?"

"Alisema hivyo. Sijaona."

"Mimi mume wangu aliniandikisha wa pili. Kwanza hakutaka. Nilimnyima chai siku nne." Akacheka peke yake, akaendelea kuandika. "Sikiliza sharti langu. Ikifunguka, chapeni hati za kitongoji chenu chote, si yako tu, siku hiyohiyo. Halafu mashine yenu izimwe moja kwa moja, isiwashwe tena, namba ibaki ya kwangu. Sawa?"

"Sawa. Lakini namba ikishatumika inarudi?"

"Sijui," akasema. "Hilo semina haikulifikia."

Akanipa karatasi. Nikaitia mfuko wa shati, na njia nzima mpaka Nachingwea nilikuwa naishika, si kwa kuogopa upepo tu.

Siku ya kupiga simu ilikuwa Alhamisi ya mwisho ya mwezi wa nane. Mbaruku naye alikuja. Nilimwambia aje ashuhudie mwenyewe, asije akasema fundi kachora. Alivaa kanzu kama anakwenda kwenye ndoa, akakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa kibandani kwa Nuhu, magoti yamemfika kidevuni.

"Kijana," akamwambia Nuhu, "hiyo mashine ikimtaja shemeji yangu kuwa yeye ndiye wa kwanza na dada yangu wa pili, ujue imedanganya. Dada yangu hakubali kuwa wa pili hata kwenye foleni ya maji."

"Mzee, mashine haina uso wa aibu, itasema ilichoandikiwa."

Nuhu akaandika namba ya Albina. Tulishusha pumzi ilipoipokea. Lakini haikufungua. Ikatoa namba nyingine, ndefu, mafungu tisa, kila fungu tarakimu sita. Akaeleza kwamba sasa tunapiga simu ya kampuni, tunawasomea hizi, nao wakiridhika wanatupa zao za kufungulia. Akaweka simu mezani, akafungua sauti.

Ikaita muda mrefu. Ikapokewa na mwanamke wa Kizungu, sauti laini, isiyopumua.

"Mtu?" Mbaruku akanong'ona.

"Mashine," Nuhu akasema.

"Mbona kaanza na karibu?"

Mimi nilisoma, Nuhu akabonyeza. Darasa la nne langu lilitosha kwa tarakimu. Saba, moja, sifuri, nne, nne, tisa. Pumzika. Fungu la pili. Mbaruku alikuwa ameinamia kioo anafuatisha kwa kidole, na nilipokosea fungu la tano, nikasoma tatu badala ya nane, yeye ndiye aliyenishika bega. "Nane, shemeji. Nane hiyo. Taratibu." Jasho lilikuwa linanidondoka kwenye karatasi. Fungu la tisa likaisha. Yule mwanamke akanyamaza, tukasikia mlio kama wa kijisaa.

Nilimwona Sikudhani anachambua mboga. Nilitaka jambo moja tu duniani, nione jina langu chini ya lake.

Sauti ikarudi, ikasema maneno machache, ikaishia juu, kama mtu anayeuliza.

"Anasemaje?" nikauliza.

Nuhu akainamia simu. "Anauliza namba ya leseni hii imewekwa kwenye kompyuta ngapi."

"Sasa?"

"Sasa tunabonyeza. Tukisema moja, anatupa namba za kufungulia, dakika mbili tumo ndani. Tukisema zaidi ya moja, anakataa, simu inakatika." Akapanguza mikono kwenye suruali. "Watu wote husema moja, mzee. Hakuna anayekuja kuhesabu."

"Na siku mashine ya yule mama ikiungua?"

"Siku yake ikifika akapiga, ataambiwa ya kwake ilishasajiliwa kwenye mashine nyingine. Pengine watamkubalia. Pengine hawatamkubalia. Mimi siwajui."

Niligeuka kwa Mbaruku. Yeye ndiye aliyetaka jina, nikadhani atasema neno. Alikuwa ameinuka kwenye ndoo, kofia mkononi, anaiangalia simu kama inayotaka kuuma.

"Yule mama alikupa kwa mkono wake?" akauliza.

"Kwa mkono wake."

"Na ana watu wangapi humo?"

"Kaya mia tatu na kumi na moja. Zenye hati ni tisini."

Mbaruku akakaa tena.

Nuhu akaisukuma simu mpaka mbele yangu. "Bonyeza wewe, mzee wangu. Mimi ni fundi tu, shamba si langu."

Maisha yangu yote nimewaona wakubwa wakisema moja pale palipo na mbili, na mbili pale pasipo na kitu. Nimewatukana kwa hilo barabarani, msikitini, na juu ya kaburi la mke wangu. Kidole changu kilikuwa kimefika juu ya kioo, na gundi ya ile stika, niliyodhani nimeshaiosha siku nyingi, nikaihisi bado imekishika.

Yule mwanamke akangoja kidogo, halafu akarudia, kwa sauti ileile, bila hasira: namba hii imewekwa kwenye kompyuta ngapi?